Deni la Nyumba ya Baraza

Kabla hajawa mkandarasi mume wangu alikuwa fundi muashi, na tuliishi kama wanavyoishi watu wanaolipwa kila Jumamosi. Wiki nzuri tulikula nyama, wiki mbaya tulikula mlenda, na hakuna aliyekuja mlangoni kwetu kudai chake. Uashi alijifunzia misheni. Katika kijiji chetu, mwendo wa siku nzima kutoka Dodoma, sote tuliishi kwenye tembe, zile nyumba za miti na udongo zenye paa bapa, na yeye peke yake ndiye aliyejua kuchoma matofali na kuinua ukuta usioyumba. Wamisionari walimwazimisha kwa Wazungu wengine kama mtu anavyoazimisha punda mzuri. Yeye hakuona ubaya. Alijivunia.

Vita vya pili vya Wazungu vilipokwisha, Serikali ilitaka mtemi wetu awe na nyumba ya baraza ya kusikilizia kesi, ya matofali na mabati, badala ya kile kibanda cha nyasi. Bwana Shauri, ndivyo tulivyomwita Mwingereza aliyetawala wilaya, alikuja mwenyewe mpaka nyumbani kwetu. Alikuwa mrefu, mwepesi wa kucheka, anasema Kiswahili kizuri kuliko wengi wetu ambao lugha yetu ya kwanza ni Kigogo. Alikaa kwenye kigoda changu cha jikoni, magoti yakamfika kifuani.

"Sitaki kumpa Mhindi kazi hii," alimwambia mume wangu. "Nataka uifanye wewe. Si kama kibarua. Kama mkandarasi."

Masharti yalikuwa mepesi kueleza. Angepewa fedha kidogo za kuanzia, na zilizobaki siku ya kukabidhi nyumba. Vifaa atafute mwenyewe, vibarua awalipe mwenyewe. Mume wangu alitia sahihi huku jasho likimdondoka puani, nami nikafuta meza kwa kanga yangu ili karatasi isilowe.

Gari lilipoondoka nilimuuliza, "Na wasipolipa?"

Alinicheka. "Serikali? Serikali inamtoza kodi mpaka kipofu. Itakosaje fedha za kulipa?"

Simenti na mabati alivikopa Dodoma kwa mfanyabiashara wa Kihindi ambaye hakumkopesha mtu yeyote, lakini alipoiona karatasi ya Boma, ofisi ya Bwana Shauri, alifungua ghala bila kuuliza swali. Vibarua walikuwa ndugu zetu, wa kwake na wa kwangu. Msimamizi wao alikuwa mdogo wangu wa kiume, tuliyenyonya ziwa moja. Alikuwa na mke na watoto wadogo, na shamba lake mwaka ule halikutoa hata mabua ya kulisha ng'ombe. Alikuja kazini kwa sababu mume wangu alimwambia, "Shemeji, ukingoja mvua utakufa. Njoo ufanye kazi ya Serikali."

Nilipika. Kila asubuhi niliwasha moto wa mafiga makubwa, nikasonga ugali wa uwele kwa mwiko mrefu kama jembe. Uwele ulipokwisha tuliuza mbuzi tukanunua uwele mwingine. Mbuzi walipokwisha mume wangu aliuza ndama. Hatukuhuzunika. Tulihesabu kwamba tunawalisha watu kwa fedha ambazo tayari ni zetu.

Kiangazi kilipokaribia kwisha Bwana Shauri alianza kutuharakisha. Alitaka nyumba ifunguliwe kabla hajaenda Ulaya likizo. Alibadili mambo pia: mlango wa mbele uwe mpana zaidi, madirisha yasogezwe upande wa upepo. Alisema kwa mdomo, akionyesha kwa fimbo, na mume wangu alibomoa na kujenga upya. Kwa haraka hiyo hiyo tanuru la mwisho lilifunguliwa kabla halijapoa. Upande mmoja ukaporomoka, matofali yenye moto yakamfunika mdogo wangu mkono wa kulia. Tulimpaka mafuta ya kondoo. Ngozi ilipona, lakini vidole viwili vilishikana na havikufunguka tena. Alirudi kazini akibeba tofali kwa kiganja na kidevu.

Siku ya kufungua nyumba tulichinja ng'ombe wetu mmoja. Ngoma zilipigwa, mtemi alivaa koti, Bwana Shauri akamshika mume wangu mkono mbele ya watu wote. Alisema kuwa Mgogo ameonyesha anachoweza. Mume wangu alitazama chini kama mwali. Alipouliza habari ya malipo, kwa sauti ya chini, akaambiwa, "Yanakuja. Karani anatengeneza." Baada ya juma moja Bwana Shauri alipanda treni Dodoma na sisi hatukumwona tena.

Aliyekuja mahali pake hakucheka. Alikuwa kijana, mwenye miwani, na hakuketi kwenye vigoda vya watu. Alikuja na Mzungu wa Idara ya Ujenzi, ambaye alizunguka nyumba ya baraza akichokonoa ukuta kwa kisu cha mfukoni kama mtu anayetafuta funza. Alipata ufa mmoja chini ya dirisha. Kisha alipima mlango, akatazama ramani, akatikisa kichwa.

"Mlango huu si uliomo kwenye ramani," alisema Bwana Shauri mpya. "Na madirisha pia."

"Bwana mkubwa aliyeondoka alibadili," mume wangu alijibu. "Alisimama pale pale ulipo."

"Iko wapi barua yake?"

Haikuwako barua. Ulikuwako mdomo, na mdomo ulikuwa umekwenda Ulaya.

"Serikali hailipi kazi mbovu. Rekebisha kwa gharama yako, halafu tutazungumza."

Nilikuwa nimesimama nje, nikitazama kupitia mlango ule mpana. Ndani, mtemi alikuwa anasikiliza kesi ya mbuzi. Meza za Serikali zilikuwamo, viti vilikuwamo, picha ya Mfalme ilikuwa imetundikwa. Nyumba iliyokuwa mbovu mno kulipiwa ilikuwa nzima vya kutosha kukaliwa tangu siku ilipoezekwa.

Mume wangu alirekebisha. Aliuza ng'ombe wawili, akanunua simenti kwa fedha taslimu kwa kuwa yule Mhindi hakukubali tena kukopesha, akabomoa mlango na madirisha na kuvijenga kama ramani ilivyotaka. Vibarua walimsaidia bila malipo kwa kuwa nao waliamini hicho ndicho kikwazo cha mwisho. Kisha akaenda Boma, Dodoma, kutoa taarifa. Tarishi mwenye kofia nyekundu alimwambia akae chini, si kwenye benchi, kwenye mchanga, juani, pamoja na waliokuja kulipa kodi. Alikaa mpaka ofisi zikafungwa. Kesho yake akakaa tena. Alipoitwa, Bwana Shauri hakuinua kichwa.

"Mwaka wa Serikali umefungwa," alisema. "Fungu la nyumba ile limerudishwa Dar es Salaam. Ungemaliza kazi mapema ungelipwa."

"Nilimaliza mapema, Bwana."

"Hukumaliza. Ulikuwa unarekebisha."

Alirudi nyumbani kwa miguu na kunieleza maneno hayo moja moja, polepole, akitafuta mahali alipokosea. Mpaka leo najua kwamba hilo ndilo lililomla kuliko fedha. Aliamini kwamba lipo kosa, na ni lake, na akilijua atalisahihisha.

Yule mfanyabiashara wa Kihindi alikuja na gari akachukua baiskeli yetu, cherehani yangu, na mbao za jukwaa la kujengea. Sikumlaani, naye alikuwa anadaiwa na wenzake. Aliponiona nimeshika mlango alisema, "Mama, mimi nikimngoja mumeo tutakufa wote. Mwambie aende kwa wakili. Serikali nayo ina mahakama yake."

Tulikwenda wote wawili. Tulifikia Kikuyu, mtaa wa Dodoma, kwa shangazi yake, na asubuhi tukapanda ngazi za wakili, Mwislamu wa asili ya Kihindi, mtu mzima mwenye kikohozi. Alitusikiliza mpaka mwisho, jambo ambalo hakuna aliyekuwa amelifanya. Kisha akavua miwani.

"Haki unayo," alimwambia mume wangu. "Ila mlango huna. Mtu hawezi kuishtaki Serikali mpaka Serikali yenyewe imruhusu. Tunaandika ombi kwa Gavana. Gavana akipenda, unaruhusiwa kushtaki. Asipopenda, basi."

Mume wangu alidhani hakuelewa Kiswahili chake. "Yaani ninayemdai ndiye nimwombe ruhusa ya kumdai?"

"Ndiyo."

"Na Gavana atajuaje habari za kijiji chetu?"

Wakili alikohoa muda mrefu. "Atamuuliza Bwana Shauri."

Nilitaka kucheka, mpaka nilipouona uso wa mume wangu. Tuliuza ng'ombe mwingine kulipia ombi. Likaandikwa kwa Kiingereza, likapigwa mhuri, likaenda Dar es Salaam. Tukaanza kungoja, na hapo ndipo vibarua nao walipochoka kungoja.

Mwanzoni walikuja kwa upole, jioni, wakikaa uani na kuongea habari za mifugo. Kisha walikuja asubuhi. Kisha wake zao wakaanza kuja, na mwanamke akija kwa mwanamke mwenzake na bakuli tupu huna pa kujificha. Mwaka ule mvua zilikatika uwele ukiwa umefika magotini. Mtoto wa mwisho wa mdogo wangu alivimba miguu akafa. Tulimzika kwa sanda niliyoikata kwenye shuka yangu. Siku ya matanga mdogo wangu alinivuta pembeni, mkono wake ule umefungwa kitambaa.

"Dada," alisema, "nimewazuia wenzangu mwaka mzima. Sasa siwezi. Tunakwenda barazani."

"Unamshtaki shemeji yako? Huoni kwamba hana?"

"Ana ng'ombe."

"Ni Serikali inayokula jasho lako, si yeye."

"Serikali siwezi kuishtaki," alisema. "Yeye naweza."

Nilirudi jikoni kuwapikia waliokuja matangani.

Kesi ilisikilizwa katika nyumba ile ile. Mawakili hawakuruhusiwa kwenye baraza la mtemi, hivyo mume wangu alisimama peke yake, chini ya mabati aliyoyapigilia mwenyewe. Watu walijaa mpaka madirishani. Mdogo wangu alieleza kazi waliyofanya, akainua mkono wake wakauona. Mtemi alimuuliza mume wangu kama ni kweli aliwaajiri.

"Ni kweli."

"Ni kweli hujawalipa?"

"Ni kweli. Lakini na mimi naomba anayenidai na ninayemdai waitwe pamoja. Naomba Serikali iitwe."

Watu waliguna. Mtemi aligeuka kumtazama karani wake, karani akatazama sakafu. Mtemi wetu hakuwa mtu mbaya. Alilipwa mshahara na Boma, na Boma lilikwisha kumwondoa mtemi mmoja jirani yetu kwa ukaidi.

"Hapa tunasikiliza madai ya vibarua," alisema.

"Mtemi, uko ndani ya madai yangu. Umekalia madai yangu. Kama nyumba hii ni mbovu, tokeni nje. Kama si mbovu, nilipwe."

Mtu mmoja nyuma alicheka, kisha wengine wakacheka, na kicheko kile ndicho kilichomfunga. Mtemi aliona amedhalilishwa mbele ya watu wake. Alisema dawa ya deni ni kulipa. Akaamuru ng'ombe wote wachukuliwe wakauzwe, na kwa kulivunjia heshima baraza mume wangu atoe faini, au aende jela. Yote yalikwisha kabla jua halijafika utosini. Ombi letu kwa Gavana lilikuwa limekaa mwaka mzima na kuingia wa pili bila jibu.

Askari wa mtemi walikuja zizini siku hiyo hiyo. Kati ya ng'ombe wale walikuwamo watatu wangu, niliopewa na baba yangu mzazi, na kila mtu kijijini alijua hivyo. Nilisimama langoni nikasema, "Hawa si wake." Askari alimtazama mdogo wangu, maana alikuwa ndiye mdai na ndiye mtoto wa baba yule yule. Angesema neno moja wangebaki. Mdogo wangu alitazama mkia wa ng'ombe aliyekuwa mbele yake. Wakatolewa wote.

Walipelekwa mnadani, upande wa Msalato. Kiangazi kilikuwa kikali, kila mtu alikuwa anauza, na wachinjaji waliwanunua kwa bei ya ngozi. Fedha zile zilipokatwa ada ya baraza na ada ya mnada, vibarua walipata kiasi cha kumwezesha kila mmoja kununua debe la mahindi na chumvi. Mdogo wangu alipata hilo hilo. Sikumsalimu tena.

Faini hatukuwa nayo. Mume wangu alifungwa Dodoma. Nilikwenda kumwona kila nilipopata wa kumwachia watoto, nikilala Kikuyu kwa shangazi yake, nikibeba kikapu cha karanga ambazo askari wa gereza walikula nusu. Safari moja shangazi aliniambia hayupo, amepelekwa kazini nje ya mji na wafungwa wengine. Nilirudi nyumbani, na nilipofika kijijini nikamkuta huko.

Serikali ilikuwa imeamua kukarabati nyumba ya baraza, na mtu fulani pale Boma alikumbuka kwamba gerezani yumo fundi. Alikuwa juu ya ngazi, amevaa kaptura na shati la kifungwa, miguu imekauka kama kuni, anapaka chokaa. Waliokuja na kesi zao walipita chini yake. Wengine walimwamkia, "Mbukwa," kwa aibu, naye aliitikia bila kugeuka. Watoto wetu walisimama mbali, chini ya jua, wakimtazama. Askari hakuwaruhusu kusogea.

Bwana Shauri alifika na gari mchana. Alizunguka ukuta, akapitisha kidole kwenye ufa uliozibwa, akaridhika.

"Kazi nzuri," alimwambia. "Unaona? Ukitaka, unaweza."

Mume wangu alishuka ngazi, akavua kofia ya kifungwa, akasema, "Ahsante, Bwana." Nilimsikia kwa masikio yangu. Hakusema kwa kejeli. Alikuwa amesifiwa kazi, na mwili wake ulizoea kushukuru.

Jibu la Gavana lilikuja kabla hajatoka. Wakili alituma mtu Kikuyu, nikapanda zile ngazi peke yangu. Alinisomea kwa Kiingereza kwanza, kama heshima, kisha kwa Kiswahili: Gavana amelitafakari ombi na haoni sababu ya kutoa ruhusa.

"Sababu ya kutoona sababu haikuandikwa?" nilimuuliza.

"Hawalazimiki kuandika, mama." Hakunidai ada iliyobaki.

Nilimweleza mume wangu siku ile ile, tukiwa tumetenganishwa na wavu, askari akisikiliza.

"Walilisoma lote?" aliniuliza.

"Sijui."

"Huenda hawakulisoma lote," alisema, na akaniuliza habari za mvua.

Alipotoka hakutaka kukaa kijijini. Tulihamia Kongwa, ambako Wazungu walikuwa wanafyeka pori kwa matrekta ili walime karanga, na nyumba zilijengwa usiku na mchana. Alikwenda kama kibarua. Msimamizi mmoja, alipoona ukuta wake, alimwambia achukue nyumba nzima kwa mkataba, atafute watu wake, apate faida. Alikataa. Akataka ujira wa siku, mkononi, na saa ya kulipwa ilipofika aliacha tofali hewani. Walimwita mkorofi. Karanga zile hazikuota kama walivyotaka, matrekta yakaachwa yakashika kutu, watu wakatawanyika, nasi tukabaki kulima kipande kidogo pembezoni. Kifua kilimshika. Wakasema ni vumbi la simenti. Alikufa wakati wa mavuno, siku ambayo hatukuwa na haja ya kuomba chakula kwa mtu.

Tulimrudisha akazikwe kwao. Watu walikuja wengi, hata waliomshtaki. Mdogo wangu alikuwamo kati ya wachimba kaburi, akishika sururu kwa mkono wake mzima na kuisukuma kwa ule uliokunjika.

Udongo ulipofukiwa, mzee wa kanisa alisimama kama ilivyo desturi. Aliuliza kama yupo anayemdai marehemu, aseme sasa, asimwandame kaburini. Kisha mdogo wangu akajitokeza.

"Sisi wa kazi ya baraza tulilipwa kidogo sana," alisema. "Deni bado lipo. Sisemi kwa ubaya. Nasema kwa kuwa umeuliza."

Wengine walitikisa vichwa kukubali. Nilisema nitalipa mimi, nao wakanishukuru.

"Na yupo aliyedaiwa na marehemu?" mzee akaendelea.

Hakuna aliyejitokeza.

"Yupo," nilisema. "Serikali."

Mzee alinitazama kwa huruma, kama anavyotazamwa mfiwa aliyepotewa na maneno. "Mama, taja mtu," alisema. "Mtu tunayeweza kumwita."

Nilimfikiria yule mrefu aliyecheka, na yule wa miwani, na Gavana ambaye sikuwahi kumwona sura. Hakuna niliyemjua jina lake kamili wala mahali alipolala siku ile.

"Hayupo," nilisema. Mzee alifungua kitabu cha nyimbo, tukaimba, watu wakanawa mikono wakala.

Nililipa kwa vipindi, kwa mtama na kuku, msimu baada ya msimu. Mdogo wangu alikuwa wa mwisho. Nilimpelekea mtamba mwekundu, mwenye afya. Alimpapasa mgongo kwa vile vidole vyake vilivyoshikana, akaniambia niketi nile. Nilimwambia nimeshiba, nikarudi nyumbani.